Mfumbaji

Nililipwa kufumba.
Wenzangu wa ghorofa ya tatu, pale Brno,
waliandika msimbo uliosomeka kama barua:
hapa sauti inaingia,
hapa kelele za tramu zinapunguzwa,
hapa mzee anamsikia mjukuu.
Nami, kabla programu haijatoka mlangoni,
nikaivua majina yote.

Kiasi cha sauti kikawa a.
Sikio la kushoto likawa aa.
La kulia, aaa,
kama mtu anayemwonyesha daktari koo.
Nikapinda njia zilizonyooka,
nikatia vitanzi vinavyozunguka na kurudi mikono mitupu,
mlango unaofungukia ukutani,
hesabu ya mistari kumi na saba
ambayo jibu lake, daima, ni sifuri.
Mashine haikujali. Mashine haielewi, hutii tu.
Wa kusumbuka alikuwa mwizi niliyemuwaza kila usiku,
kahawa yake imepoa,
akifumua uzi, akidhani ameshika ncha.

Fumbo mfumbie mjinga, wanasema.
Mimi niliwafumbia werevu
na nikapewa bonasi.

Kisha kampuni ikafa jinsi kampuni zinavyokufa:
barua pepe moja, keki, funguo mezani.
Seva zikauzwa kwa kilo
na ule msimbo mweupe, wenye majina, ukaenda nazo.

Jana baba yangu Bohumír, miaka themanini na miwili,
ameketi jikoni kwake, kijiko hewani.
Kifaa sikioni kinapiga mluzi kila saa ya ukutani inapogonga.
Hakuna wa kumpigia simu.
"Zdislava, si wewe uliyekitengeneza?"
Nikapaza sauti hadi jirani akagonga ukuta:
Si mimi, baba! Mimi nilikificha!

Saa nane usiku. Kahawa imepoa.
Ndimi mwizi yule.
a ni nini? aa ni nani?
Najigonga kwenye ukuta nilioujenga,
naulaani, halafu, aibu yangu, nausifu.
Karibu na alfajiri nakuta mlango usioelekea popote
na nyuma yake tarakimu zisizo na kazi, 1411.
Novemba kumi na nne. Siku aliyozaliwa baba.
Niliitupa pale impotezee mtu muda.
Nimeitazama mpaka tramu ya kwanza imepita.

Nimeipata aaa. Nimeirudishia jina lake.
Chumba cha pili, mluzi haujakoma.
Bado ile mistari kumi na saba.