Ukuta wa Bi Mwanaharusi

Ngamiani, barabara ya kumi na tatu,
ukuta wake umenenepa kwa wagombea.
Bandua kwa kucha: chini kabisa
jembe na nyumba, wino mweusi.
Marehemu mumewe alichagua jembe;
yeye, hasemi hadi leo.

Juu yao Semkiwa, mihula mitatu,
miwani mipya, mtaro uleule wa ahadi.
Kisha Mbaruku, aliyeshinda kwa kura kumi na moja
(kumi na mbili ziliharibika).
Kisha jimbo likagawanywa:
dada yake, ng'ambo ya barabara,
akapata mbunge mwingine,
vumbi lilelile.

Safari hii yuko mmoja tu,
kapita bila kupingwa.
Gundi yake ya unga wa muhogo haijakauka.
Mbuzi kaja alfajiri,
kaanzia kwenye tabasamu,
akamla mpaka kola.

Naye hakupingwa.