Asilimia Tano

Kunusa, katika jedwali letu, ni asilimia tano.
Kidole gumba cha kulia, ishirini.
Jicho, thelathini na tano.
Jino, moja, na lisiwe la bandia.
Nimelikalia jedwali hilo miaka kumi na saba,
ghorofa ya pili, mjini Tarnow, nyuma ya mlango wa kijani
ambao wenye magongo huusukuma kwa bega.

Jumanne moja aliingia Bogumila Sroka,
muuza kabichi ya kuchachua, soko la Burek.
Gari lililomgonga lilikuwa la mkate.
Januari, alfajiri, kwenye milia ya kuvukia;
dereva alikuwa anasoma ujumbe.
Mbavu ziliunga. Nyonga nayo iliunga, shingo upande.
Pua haikupata hata mkwaruzo.
Kilichokatika kiko ndani, nyuzi nyembamba kuliko za buibui.
Daktari alimwonyesha kwenye picha,
akatazama, asione kitu.

"Nililala chali," aliniambia,
"mikate imenizunguka thelujini, bado inafuka.
Mkate mweusi, wa bizari. Ndiyo harufu yangu ya mwisho.
Laiti ingekuwa dizeli.
Dizeli nani angeililia?"

Nikamsomea: asilimia tano,
kwa ile sauti ninayoivaa kama tai, asubuhi hadi saa kumi.
Hakulia. Alitoa mkobani daftari la mtoto la hesabu.

"Pipa halisemi," alisema.
"Ukingoja ulione limeiva, umechelewa.
Pua ndiyo inayojua siku ya kulifunga.
Sasa nimemwajiri Tymek wa jirani, miaka kumi na mmoja.
Zloti nne kwa pipa. Mapipa ishirini na mawili.
Mara tatu kwa wiki, wiki thelathini kwa mwaka.
Akishikwa na mafua namwita dada yake,
ambaye ana maringo, hutaka sita.
Mama yangu aliuza hadi themanini na moja.
Mimi nina hamsini na nane. Haya, jumlisha."

Nilijumlisha. Kwa kalamu, kisha kwa mashine.
Laki moja themanini na mbili elfu, mia moja na sitini,
bila maringo ya dada.
Wengi wamepita mezani pangu wakidai maumivu,
wakidai usingizi, wakidai "maisha yangu yote";
huyu wa kwanza kuleta risiti.

Bwana Halicki wa ghorofa ya tatu alicheka sana.
Tangu lini, akauliza, mtoto akapanga bei ya pua?
Barua zikapanda, barua zikashuka, miezi kumi na minne.
Mwisho tulimpa nusu, na tukaiita ukarimu.

Siku ya kutia saini alikuja na chupa ya kabichi.
Akaifungua, akanisogezea.
"Inanuka au inanukia?"
Niliinamisha uso. Nilitafuta neno.
"Inanukia," nikasema, "kama... kabichi."
"Unaona? Tymek husema siku ya kwanza ni soksi za babu,
siku ya tano ni sarafu iliyokaa mkononi,
siku ya tisa ni tufaha lililosahaulika garini.
Ndiyo maana yeye namlipa."

Akatia saini. Kisha, huku akivaa glavu:
"Liko koti la Zenon kabatini. Mwaka wa sita tangu azikwe.
Tumbaku, na mvua, na kitu kingine chake.
Jumapili nilikuwa nafungua mlango, nasimama kidogo.
Bado nafungua.
Huko Tymek sijampeleka."

Mkono wangu ulikwishafika kwenye kisanduku cha mengineyo.
"Hilo usiliandike," alisema.
"Hilo si la kwenu."

Alitoka kwa mkono, si kwa bega.
Chupa aliiacha; sikujua kama ni zawadi au kielelezo,
nikaifungia pamoja na majalada ya mwaka ule.
Kifuniko hakikukaza.
Kila mgeni hukunja uso, huuliza nini kimeoza humu.
Mimi huwaambia wakae,
na jedwali ninalifungua polepole kuliko zamani.