Uji wa Mifupa

Nilipikia wachimbaji saba huko Wyoming
mwaka ule reli ilipokuwa bado inanuka lami,
na upepo usio na adabu
uliingia sufuriani kabla ya chumvi.

Mifupa ilichungulia kwenye genge la kijivu,
mizito kama nanga, lakini ukiigusa
inamomonyoka kama mkate wa juzi.
Alpheus Crane, mkuu wetu, akaja jikoni, kofia mkononi:
"Thaddeus, mchele umebaki kiasi gani?"
Gunia moja na robo.
"Upike mpaka uvurugike. Usitie chumvi."

Basi nikakoroga uji,
si wa mgonjwa, si wa mzazi,
ni wa mnyama ambaye hakuna aliyewahi kumsikia akilia.
Tukachovya magunia yaliyochanwa,
tukamfunga paja kama wauguzi,
paja refu kuliko kitanda changu.
Usiku tukala maharage. Asubuhi, maharage.
Lindqvist, yule Mswidi, akaapa
hajawahi kuona maiti inayokula kuliko waombolezaji.

Simu ya maandishi kutoka mashariki:
HARAKISHENI. MPINZANI YUKO NG'AMBO YA MTO.
Profesa hatukupata kumwona uso;
tulimjua kwa haraka yake
na kwa mishahara iliyokawia.

Oktoba theluji ikatuwahi.
Makasha thelathini na moja yakapanda treni.
Yaliyobaki gengeni, amri ikasema, yavunjwe,
asije mwingine akayaokota.

Nyundo akapewa Emmett, miaka kumi na sita.
Akapiga mara moja. Akasimama.
"Huu ni mkono," akasema. "Una vidole."
Hakuna aliyemjibu.
Lindqvist akaichukua nyundo, akamalizia
huku akipiga mluzi.

Mimi nilificha kidole kimoja kwenye debe la kahawa.
Si kwa ajili ya elimu; jina walilompa yule mnyama
mpaka leo ulimi wangu unalikwaa.
Kikombe cha mwisho cha mchele nilikipikia kidole,
nikakifunga kwa mkono wa shati langu jema,
nikakaa na njaa, nikijiona mjinga.

Sasa kiko Topeka, kinashikilia mlango wa jiko.
Mkwe wangu anakiita jiwe, anakipiga teke akipita na ndoo.
Kitambaa hakipo tena:
panya walikilamba hadi uzi wa mwisho,
wakauacha mfupa.