Mchezaji wa Pili

Kimekaa kiganjani kama kipande cha sabuni ya mche.
Nimekinunua Mtaa wa Aggrey, kwa kijana aliyeapa
kuna michezo elfu tatu ndani.
Sina haja na elfu tatu. Natafuta mmoja,

ule wa banda la Shaweji, Magomeni Mapipa:
tivii ya chogo, kanga mlangoni kuzuia jua,
roho tatu kwa shilingi hamsini.
Kaseti ikigoma tuliipuliza kwa zamu,
kila mtu akidai pumzi yake ndiyo iliyoiponya.
Umeme ukikatika, Shaweji hakurudisha hela.
"Kawadaini TANESCO," akafunga droo.

Sikudhani alicheza na ndoo ya visheti mapajani.
Sukari ya vidole vyake ilinatisha vitufe,
tukalalamika, na yeye yuko hatua ya sita
ambako sisi hatukuwahi kufika.
Mimi nilikuwa wa pili wake. Kazi yangu, nisife mapema.
"Songa," aliniambia bila kunitazama.
"Usipokuja, skrini haisogei."

Usiku huu, zamu yangu, duka la dawa, Sinza,
nimeupata. Muziki uleule, inzi ndani ya kopo.
Kwa mazoea nikachagua wachezaji wawili.

Akatokea. Wa kijani. Bunduki begani,
anapumua palepale, juu, chini,
anasubiri mtu mwenye vitufe.
Nikaenda peke yangu hadi ukingoni. Skrini ikakataa.

Ukuta wao ulipopakwa X nyekundu
walihama kabla ya Ijumaa.
Wengine walisema Chanika, wengine Kibiti.
Visheti vya mwisho nilikopa. Mia mbili. Sijalipa.

Kifaa hiki kinahifadhi popote:
ruka, hifadhi; kufa, rudi.
Hakuna wa kukukatia umeme.
Labda ndiyo maana kiganja hakitoki jasho.

Maadui wanamjia. Nasimama mbele yake,
nafyatua kama sikuwahi kufyatua kwa Shaweji,
na dirisha linagongwa.
Mama, mtoto mgongoni, homa tangu magharibi.
Naandika juu ya chupa: kijiko kimoja, mara tatu.
Natafuta chenji, sina, nampa pipi mbili.

Nikirudi, roho zake zimekwisha.
Yangu imebaki moja.
Nabonyeza kulia.
Skrini inasogea.