Dakika Kumi na Moja za Chanika

Elineema alisema: msiigize.
Fanyeni kama siku zote, sisi tuchukulieni hatupo.
Basi fundi Pazi akashona shati lile lile mara tatu,
na mara ya tatu akakaza uso
kama mtu anayepimwa presha.

Bi Sikudhani aliikataa kanga aliyokuwa nayo.
"Hii ya kushindia. Si ya kuonwa na watu."
Akaingia ndani. Tukasubiri, jua likapanda.
Akatoka na doti mpya, inanuka sanduku,
akaketi kukoroga unga wa vitumbua kwa mkono mmoja,
wa pili umeshika pindo lisichafuke.
Hiyo ndiyo siku zote yake. Tukaichukua.

Mimi nilishika maiki kwenye ufito.
Kazi yangu kusikia:
cherehani, kuku,
bomba linalokohoa hewa tupu kabla ya maji,
muuza dawa ya panya na spika yake yenye mafua,
na pumzi zangu, ambazo Elineema alizifuta baadaye.

Tulionyesha kwenye ukuta wa ofisi ya serikali ya mtaa,
shuka jeupe, msumari mmoja umelegea.
Watu walimcheka kuku.
Kwenye mvua walinyamaza kidogo.
Halafu dakika ya nane, nyuma ya cherehani ya Pazi,
mbali, mdogo kama kisoda,
mtu akavuka barabara na kipande cha muwa.

"Rudisha!" Bi Sikudhani yuko wima.
"Rudisha nyuma, mwanangu. Hapo. Hapo hapo."

Kondo.
Kondo aliyetuma salamu kwamba yuko Kilosa, kafiwa na shangazi.
Kondo wa vitumbua vya mkopo, elfu arobaini na mbili,
anatafuna, anatema makapi,
wala hana haraka.

Tulimrudisha mara sita.
Mara sita alivuka.
Kila alipovuka, wawili watatu walijikung'uta wakaondoka,
mpaka mabenchi yakabaki na watoto,
na Elineema, mikono kichwani,
kwa sababu mwisho wa filamu ndio aliousotea:
moshi wa jioni, taa moja moja,
mtaa umetulia.

Nje, upande wa kisimani, nikasikia
"Hodi! Hodi kwa Kondo!"
na mlango, na viatu vingi, na mbwa.
Mkono wangu ukanyanyuka wenyewe juu gizani,
umeshika ufito ambao haukuwepo.