Usifute

Alianza na harusi za Kibaigwa,
kamera ya kuazima, betri ya kufia kwenye keki.
Kisha hospitali ya Mvumi ikamwita: filamu ya trakoma.
Akapiga kope, kope tu, siku tisa,
usiku macho yake mwenyewe yakimwasha.

Nyemo Malogo hakuwa na kazi moja.
Wachemshaji chumvi wa Bahi, wachuma zabibu wa Hombolo,
mnada wa ng'ombe, madiwani wakisinzia
(hiyo haikurushwa).
Sauti alinasa mwenyewe, kinasa kakivalisha soksi,
maana upepo wa Dodoma haubishi hodi.
Kukata, akakata. Kigogo akakitafsiri,
ila neno mojamoja aliliacha lilivyo:
"Wenyewe watalijua."

Mimi nilimbebea stendi miaka kumi na mmoja.
"Nizime?" nauliza, mzee kashamaliza kusimulia.
"Bado. Watu husema kweli
wakidhani umezima."

Leo napanga kanda zake kwenye kreti la zabibu.
Moja ina wino mwekundu: USIFUTE.
Ni Mpwapwa, uani. Mama yake anapeta uwele.
Nusu saa nzima, ungo na vumbi,
hakuna swali, hakuna jibu, kuku anapita.
Halafu kiganja kikavu kinaijaa lenzi,
giza lenye mistari,
na sauti:
"Weka hicho chini, Nyemo. Uji unapoa."

Nangoja.
Namjua, ataiacha izunguke.

Kitufe: ta.