Kizibo

Paka huyu alikuja na nyumba,
ingawa hakuandikwa kwenye mkataba wa pango.
Mama Chilewa alinikabidhi funguo mbili,
ndoo ya maji na neno moja:
"Huyo hafukuzwi."
Nikamwita Karani, kwa anavyokaa dirishani
akiitazama Nkuhungu kama foleni isiyomhusu.

Julai. Upepo unachapa bati,
vumbi linaingia bila hodi.
Ofisi imenihamishia huku, simjui mtu.
Jioni natoa mfukoni kizibo cha mvinyo
nilichookota siku ya kumuaga mkurugenzi,
nakirusha hadi mlangoni.
"Lete."
Karani anakitazama kizibo.
Ananitazama mimi.
Analamba mguu.

Siku ya pili nikaongeza rushwa: dagaa mmoja.
Akala dagaa.

Siku ya tatu nikaenda mwenyewe,
kwa magoti na viganja juu ya saruji baridi,
nikakiuma kizibo, nikarudi nacho mdomoni
ili aone kazi inavyofanywa.
Kumbe Ndahani, mtoto wa jirani,
amesimama mlangoni na bakuli la karanga kutoka kwa mama yake.
Hakucheka. Aliuliza tu:
"Mjomba, na wewe unapewa dagaa?"

Kesho yake mtaa ulikuwa umenipa jina.
"Mbukwenyi, mwalimu wa paka!" akaita muuza mkaa.
"Mwanafunzi kafaulu?" akauliza fundi cherehani,
pini zimejaa mdomoni.
Nikasimama kujibu. Nikavutiwa kigoda.
Nikajua nani kauza mbuzi, nani anaumwa mgongo,
kisima kipi kina chumvi.
Nikarudi nyumbani nimechelewa,
na kizibo hakionekani,
na sikukitafuta.

Usiku wa Ijumaa umeme ulikatika.
Saa tisa hivi, kitu kikaniangukia kifuani:
kidogo, chepesi, kimelowa mate.
Sikuwasha simu.
Nikakirusha gizani, upande wa jikoni.

Nyayo. Sufuria ikalia mara moja.
Halafu kimya, kimya kirefu,
nje upepo unakokota debe tupu
kama mtu aliyesahau anapokwenda.
Nikasema moyoni, basi, kachoka.

Kitanda kikabonyea.
Nikapapasa kifuani kutafuta kizibo.

Hakikuwa kizibo.
Kilikuwa kikavu, kina kichwa, kina mkia,
kimewekwa taratibu karibu na kidevu changu:
dagaa mmoja,
mzima.